Boksi Nililolipiga Teke Homa Bay

Mke wangu ananiambia nikae. Daktari ananiambia nikae. Hata jirani yangu hapa Migori, ambaye tangu nimjue kazi yake ni kukaa, ananiambia, "Owino, keti bana, umefanya kazi ya kutosha." Nimekaa. Nimeinuka. Nimezunguka boma mara nne hadi kuku wameanza kunikimbia. Mtu aliyeishi kwa kuanguka hajui kuketi polepole. Akiinama kidogo tu mwili unadhani kazi imeanza. Basi nimechukua daftari nawaandikia nyinyi vijana mnaoanguka sasa kwenye sinema, na hata nyinyi mnaojirekodi kwa simu mkiruka kutoka juu ya mapaa ya vyoo. Nawaona. Msidhani sioni.

Mambo ya vyeo na mishahara waulizeni wenye vyeo na mishahara. Mimi nitawaambia nilivyoanza, ni nani aliyenifundisha, na nilivyoliharibu jina la Akinyi. Wengi wenu mmemsikia: yule binti wa Rusinga ambaye ati hupanga maboksi mabovu. Maneno hayo yalitoka kwangu. Ndiyo yanayoniinua kitini kila nikikaa, na nitayafikia, ila nikianza na hayo hamtaelewa.

Kazi niliianzia matangani. Mzee mmoja wa ukoo wetu kule Ndhiwa alikuwa amefariki, na kwetu Wajaluo mzee akifa wanaume hufanya tero buru: tunabeba mikuki na rungu, tunaswaga ng'ombe mbele yetu, tunakimbia mpaka mwisho wa kijiji kukifukuza kifo, tukipigana na adui asiyeonekana, kisha tunarudi kwa vishindo. Nilikuwa kijana na sifa yangu ilikuwa moja tu: nilijua kupigwa. Nilikimbia mbele ya fahali, nikajifanya nimechomwa mkuki, nikarushwa juu, nikaanguka kwa bega, nikabiringika na kuinuka nikinguruma. Akina mama walishangilia. Mjane mwenyewe alisahau kulia kidogo.

Siku hiyo tulikuwa tumeifunga barabara, na katika magari yaliyozuiwa akashuka mzungu mmoja mfupi, mnene mabegani, pua imepinda kama iliyogongwa na mlango. Alinifuata mpaka nilipokuwa nikijipangusa vumbi.

"Rudia," akasema, kwa Kiswahili.

"Siwezi kurudia," nikamwambia. "Marehemu ni mmoja."

Alicheka mpaka akashika magoti. Aliitwa Renzo, Mwitaliano. Kiswahili alikipata Malindi, kwa hiyo alizungumza kama mpishi wa pwani aliyekasirika. Kwao Italia alikuwa ameanza kazi akiwa kijana kwa kuanguka na farasi katika sinema za wapiga bastola. Baadaye pua ilipovunjika mara ya tatu wakaona sura yenyewe inafaa, wakaanza kumpa nafasi za kuigiza: jambazi, mlinzi wa gereza, padri mlevi, mume wa mwanamke mwingine. Hakuwahi kuwa nyota. Ila kila mtu aliyeona sinema alisema, "Huyu nimemwona mahali." Sasa alikuwa ameletwa na kampuni moja ya kigeni iliyokuwa ikipiga filamu ya wawindaji karibu na ziwa, na kazi yake ilikuwa kutafuta watu wa kufa. Akaniambia nije Homa Bay Jumatatu.

Nilikuja. Siku ya kwanza nilipewa kaptula ya khaki na kazi rahisi: mwindaji anapiga bunduki, mimi naanguka, basi. Bunduki ikalia, nikaruka, nikaanguka vizuri sana, hata mimi nilijisifu moyoni. Halafu nikainuka, nikamkimbilia yule mwindaji na mkuki wangu huku nikinguruma. Jamaa alitupa bunduki akakimbilia nyuma ya gari. Dairekta akapiga kelele kwa lugha ambayo sikuijua lakini niliielewa.

Tukarudia. Nikafa. Nikainuka tena! Si makusudi, wallahi. Katika tero buru aliyeanguka lazima ainuke, la sivyo kifo ndicho kimeshinda na hata shangazi zako watakuzomea. Mwili wangu ulikuwa umefunzwa hivyo. Mara ya tatu Renzo alikuja akalala chini karibu yangu, uso kwa uso kwenye vumbi, akaninong'oneza, "Kifo cha huku kinalipwa kikibaki chini. Wewe lala. Hesabu mende." Nikalala. Nilihesabu siafu, maana mende hawakuwapo, na walinipata kweli. Sikujitikisa mpaka niliposikia "Kata!" Renzo akanipa soda akasema ya kuanguka ninayo, sasa nijifunze ya chini.

Ya chini ni maboksi.

Nyinyi siku hizi mna mito mikubwa ya hewa ya kukodi Nairobi, lakini mito hiyo huwa inachelewa, hupasuka, au inakodishwa kwa watu wa matangazo ya biashara. Sisi tuliangukia maboksi ya katoni. Nilitumwa Migori mjini kwa mfanyabiashara mmoja, Mzee Abdi, ambaye duka lake la jumla lilikuwa na maboksi ya sabuni na mafuta ya kupikia hadi dari. Aliniuliza nataka ya nini. Nikasema ya kuangukia. Akanitazama, akaniambia, "Kijana, kama ni mapenzi, atapatikana mwingine." Ilinichukua nusu saa kumshawishi kwamba sitaki kujiua.

Nikarudi na maboksi, na kwa kuwa nilikuwa mwerevu nikayajaza nyasi kavu na magunia ili yawe laini. Nikayafunga kwa gundi pande zote yasifumuke. Renzo aliyatazama, akaokota jiwe kubwa, akapanda ngazi, akaliachilia. Jiwe lilidunda juu ya boksi langu likaenda kuvunja birika la chai.

"Hilo jiwe ni mgongo wako," akasema. "Boksi lazima life. Likikataa kufa, utakufa wewe."

Basi nikajifunza. Boksi liwe tupu. Liwe kavu, likinyeshewa hata na umande, litupe. Kona ziwe nzima. Usilifunge kwa gundi, kunja tu vifuniko vyake ili hewa ipate kutoka. Yote yawe ya kimo kimoja. Panga safu, acha nafasi ya kidole kati ya boksi na boksi, safu ya pili ikalie maungio ya safu ya kwanza jinsi fundi anavyopanga matofali, funga kamba kuzunguka rundo zima, kisha magodoro, kisha turubai. Ukianguka, unasikia safu ya kwanza ikilalamika, ya pili ikilalamika, ya tatu inakupokea. Ni sauti nzuri. Naikosa kuliko ninavyokosa watu wengi niliofanya nao kazi.

Renzo alikuwa na sheria mbili. Ya kwanza: anayeruka ndiye anayepanga maboksi yake. Usiruke juu ya kazi ya mtu mwingine, hata ndugu yako wa tumbo moja. Ya pili: mkuu wa waangukaji hukagua mwisho, na akilipiga boksi moja teke, hakuna kuruka siku hiyo. Hakuna anayeuliza sababu. Si dairekta, si mwenye pesa, si mrukaji. Kwa nini? Kwa sababu ukiruhusu maswali, dairekta atabishana, muda utakwenda, mwishowe mtu ataruka kwa hasira, na hasira haipimi umbali. Nilimwona Renzo akipiga teke mara kadhaa, na kila mara baadaye alituita tukiwa wenyewe akatuonyesha kasoro ilipokuwa. Hiyo sehemu ya baadaye haikuwa sheria. Ilikuwa tabia yake tu. Laiti angeifanya sheria.

Miaka ikaenda kwa kubingirika. Nimesukumwa kwenye ngazi, nimegongwa na pikipiki, nimetupwa kupitia madirisha ya sukari, kioo cha uongo kinachovunjika bila kukata. Kule Mbita tulitakiwa kuichoma mashua huku mimi nikiruka kutoka ndani yake, na wavuvi wote wakakataa kutuuzia. Kampuni ikaongeza bei, wakakataa tena, maana kwao mashua hupewa jina na kupokewa ziwani kama bibi harusi, sasa nani atakuuzia bibi harusi umchome? Renzo hakubishana. Alimwendea fundi mmoja akamwomba atengeneze ganda la mbao lisilo na jina, lisilowahi kunusa samaki. Tukalichoma hilo. Niliruka vizuri, maji yakawa na kina kifupi kuliko tulivyopima, na goti langu la kushoto likakutana na jiwe. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Mimi la mkuu nililisikia vizuri sana na guu likavunjika vilevile.

Goti liliponipunguzia kuruka, uso wangu ukaanza kupata kazi. Nilikuwa na makovu ya kutosha. Kwa miaka mingi jina langu kwenye sinema lilikuwa Mlinzi wa Pili. Mlinzi wa Kwanza ndiye huongea. Wa Pili hugeuka tu akapigwa kichwani. Nimekuwa Mwizi, Mwizi Mwingine, Askari wa Chifu, na mara moja mganga, kazi ambayo mama yangu hakunisamehe. Mtoto wangu Achieng' aliwahi kumwambia mwalimu wake kwamba baba yake hufanya kazi ya kupigwa. Mwalimu akaniita shuleni kwa siri, akaniuliza kama nyumbani kuko salama.

Renzo aliacha kazi mbele yetu sote. Asubuhi moja tukiwa kazini alikusanya watu, wabeba taa na wapishi pia, akasema, "Masikio yamekufa. Jana dairekta alisema kata, mimi sikusikia, nikaendelea kumkaba mtu. Leo mimi mwisho." Akavua kofia, akanikabidhi kazi ya ukuu, akarudi Malindi. Alinipigia mara kwa mara, akipayuka kwa kuwa hajisikii, mpaka siku moja jirani yake ndiye aliyepiga. Nililia kama mtoto, sioni haya kusema. Lakini ile asubuhi yake niliiona kuwa kitu kidogo wakati ule. Mzee kachoka, nikasema, kaenda. Sikujua ni jambo gumu kiasi gani alilolifanya kabla ya chai.

Sasa Akinyi. Ngoja kwanza, ninyooshe mguu.

Nimerudi. Akinyi alinijia Homa Bay nilipokuwa nikifundisha vijana kwenye uwanja karibu na ziwa. Baba yake ni fundi wa mashua Rusinga. Alikuwa ameruka sarakasi shuleni, na alikuwa mbishi. Nikimwambia anguka kwa bega la kulia, anauliza kwa nini si la kushoto. Nikimjibu, anaangukia la kushoto kisha anasema, "Sawa, Japuonj, nimeona." Japuonj ni mwalimu kwa Kijaluo, na alivyolitamka ungedhani ni cheo na ni kesi kwa pamoja. Mimi nilimwita nyara, binti yangu, na sikumwita hivyo kwa mazoea. Nilimpenda kweli.

Maboksi aliyapanga kuliko mimi. Alikagua kila moja kwa kuligonga na vidole na kusikiliza, kama baba yake anavyogonga mbao. Akisikia sauti asiyoipenda, analitupa nje, hata kama sisi wengine hatuoni kasoro. Chacha, Mkuria mmoja kutoka upande wa mpakani ambaye alikuwa msaidizi wangu kwa miaka, alisema, "Huyu akikupangia kitanda, utalala mpaka Jumapili."

Kwa miaka michache akaruka badala ya waigizaji wanawake, kazi ndogondogo. Halafu ukaja mchezo mmoja mrefu wa televisheni uliopigwa Homa Bay, kwenye ghala kuukuu la pamba. Bibi mwenye nyumba anasukumwa kutoka paani. Urefu wake kama nyumba ya ghorofa mbili. Dairekta alitoka Nairobi, kijana mwenye haraka, na alikuwa amemwambia Akinyi mbele yangu kwamba kuruka huku kukienda vizuri atamchukua kwa sehemu zote zilizobaki, awe mkuu wa wanawake wote wanaoanguka. Hakuna mwanamke wa kutoka huku kwetu aliyewahi kupewa kazi hiyo. Akinyi hakulala siku mbili. Alikuja na maboksi yake, akapanga kuanzia asubuhi, akihema, akigonga, akitupa.

Saa saba nikaitwa nikague.

Hapa niwaambie kitu ambacho hata mke wangu hakukijua. Macho yangu yalikuwa yanakwenda. Ukungu ulianza pembeni, ukaja mpaka katikati. Nilikuwa nikisalimia watu kwa sauti zao. Nilikariri ukurasa wa kazi usiku uliotangulia kwa kumfanya Achieng' anisomee, nikidai miwani imepotea. Miwani haikupotea. Sikuwahi kuwa na miwani.

Nilizunguka rundo la Akinyi. Pande za nje nilizishika kwa mkono, zikawa sawa. Lakini katikati lazima upande ngazi utazame kutoka juu kabla godoro halijawekwa, uone nafasi za kidole, uone kona, uone kama kuna boksi lililozama. Nikapanda. Nikatazama chini. Niliona kitu cha rangi ya kahawia. Kitu kimoja, kikubwa, kama uji. Hakuna safu. Hakuna nafasi. Nikapepesa, nikafuta macho kwa shati, nikatazama tena. Uji.

Watu wote walikuwa wametulia wakinisubiri. Dairekta alikuwa akitazama saa. Akinyi alikuwa amevaa gauni la yule bibi, wigi kichwani, amesimama wima.

Ningesema, "Chacha, panda wewe, mimi sioni." Maneno matano. Chacha alikuwa hatua tatu kutoka kwangu. Nilifungua kinywa, nikaona jinsi watakavyonitazama, kisha watakavyoacha kuniita, kisha nimekaa nyumbani na kuku. Nikashuka ngazi. Nikalipiga boksi la pembeni teke.

Hakuna aliyeuliza. Ndiyo sheria. Akinyi alinitazama, nami niliuona uso wake kwa sababu alikuja karibu sana. Midomo yake ilifunguka. Nilijua anataka kuuliza ni lipi, Japuonj, ni lipi. Halafu akaifunga. Alikuwa mbishi wa kila kitu, lakini sheria ile aliiheshimu, kwa sababu ni mimi niliyemfundisha. Akavua wigi, akamkabidhi mwenye nguo.

Dairekta alitupa sanamu ya nguo kutoka paani. Ilianguka kama nguo. Mtazamaji yeyote aliona ni nguo. Na sehemu zilizobaki zikapewa msichana mwingine kutoka Nairobi, na kila aliyeuliza kwa nini Akinyi aliachwa aliambiwa, "Yule? Mzee Owino mwenyewe alilipiga teke boksi lake. Hajui kupanga." Katika kazi yetu hakuna tusi linalozidi hilo. Jina hilo lilifika Nairobi kabla yeye hajapata nauli. Simu yake ikanyamaza. Akarudi Rusinga kwa baba yake.

Mimi? Mimi nilisifiwa! "Mzee ana roho ya usalama." Niliendelea miaka miwili zaidi, Mungu anisamehe, nikikagua kwa ujanja. Nilikuwa nawauliza vijana, "Haya, nyinyi mnaonaje hapa?" wakidhani nawatahini, kumbe naazima macho yao. Kusimamisha kuruka siku ile hakukuwa kosa. Usiyeona usiruhusu mtu aruke, hilo nalirudia mara mia. Kosa ni kwamba niliacha teke liseme uongo kwa niaba yangu. Na sikumwita kando baadaye. Alinisubiri pale karibu na turubai, nami nikapita nikijifanya nimepigiwa simu.

Nilipostaafu nilisema ni goti. Kila mtu aliamini goti, maana linalia nikitembea. Halafu mke wangu, Min Achieng', yaani mama wa Achieng', alinishika nikimwagia chai pembeni ya kikombe, akanipeleka kwa daktari wa macho hapa Migori bila kunipa nafasi ya kuigiza. Mtoto wa jicho, pande zote mbili. Walinitoa moja, kisha jingine. Siku walipofungua kitambaa nilimtazama mke wangu nikasema, "Tumezeeka." Akanijibu, "Sema wewe. Mimi niko tu."

Nilikuwa na macho mapya na kitu cha kwanza yalichoniletea ni kukosa usingizi. Kila nikiona kitu kwa uwazi, majani, maandishi ya sabuni, nyufa za ukuta, nasema, kumbe ningeweza kuona. Ningeweza kutibiwa. Ilikuwa kazi ya asubuhi mbili. Na lililonitesa zaidi ni hili: sikujua. Miaka yote hiyo sikujua kama maboksi ya Akinyi yalikuwa mazuri ama mabaya. Nilikuwa nimelihukumu jambo ambalo sikuliona. Wiki iliyopita nikamwambia mke wangu naenda Mbita. Akasema goti. Nikasema goti litakuja pia.

Nilimkuta Akinyi ng'ambo ya daraja, Rusinga, kwenye mchanga wa baba yake, ameinamia mashua iliyopinduliwa, anaziba nyufa kwa pamba, nyundo na patasi. Aliniona. Hakuacha kugonga.

"Japuonj."

"Nyara."

"Kaa." Alinionyesha gogo kwa nyundo.

"Siwezi kukaa."

"Basi simama."

Nikasimama. Nilikuwa nimepanga maneno njia nzima, nikayasahau yote. Nikamwambia hivyohivyo: siku ile ghalani sikuona. Si boksi moja, sikuona hata moja. Nilikuwa kipofu nikaona aibu kusema, nikalipiga teke boksi la kwanza lililokuwa karibu na mguu. Nikamwambia naomba radhi na kwamba najua haitoshi. Machozi yalikuwa yakinitoka kwa macho hayo mapya, nikaona hata machozi yanatoka kwa uwazi.

Aligonga pamba mpaka mwisho wa ufa. Kisha akaweka nyundo chini.

"Niliruka," akasema.

"Uliruka wapi?"

"Pale pale. Jioni ile. Mlipoondoka na magari yenu. Mlinzi wa ghala alikuwa ameenda kununua sigara. Sikuvuruga kitu, nilirudisha lile boksi ulilopiga teke, nikaweka magodoro, nikapanda juu na gauni langu mwenyewe, nikaruka."

Kuruka bila mtu! Bila wa kukutazama, bila wa kukubeba! Nyinyi mnaosoma haya, msithubutu. Nilianza kumfokea, haki ya Mungu, nilianza kweli, ingawa miaka yote ile ilikuwa imepita na kitu chenyewe kilikuwa kimekwisha.

"Wewe ni mwendawazimu? Na kama yangekuwa mabaya?"

"Ndicho nilichotaka kujua," akasema. "Kama ni mimi au ni wewe."

Ziwa lilikuwa linapiga mchanga, na upande wa pili baba yake alikuwa amesimamisha randa yake akitusikiliza bila kugeuka.

"Yalinipokea vizuri," akasema. "Safu tatu, moja baada ya nyingine. Nililala juu yake nikalia, si kwa maumivu. Hapo nikajua kwamba ni wewe. Nikajua ni macho yako, maana nilishakuona ukimsalimia Chacha kwa jina langu. Nikasema, atakuja aniambie kesho. Nikasema, ataniambia wiki ijayo. Baadaye nikaacha kusema."

"Kwa nini hukuwaambia watu?"

"Niwaambie nini? Kwamba mwalimu wangu ni kipofu? Ulinifundisha teke halihojiwi." Akaokota nyundo. "Na sasa umekuja kuniambia mimi. Mimi ninajua, Japuonj. Mimi ndiye mtu pekee asiyehitaji kuambiwa."

Nikasimama pale kama Mlinzi wa Pili. Nilimuuliza nifanye nini. Nilimwambia ninaandika kumbukumbu za kazi yangu kwa ajili ya vijana, nitamtaja kwa heshima. Akataka kuona. Nilikuwa na daftari hili mfukoni, bado halijafika hapa, lakini nilikuwa nimeandika sentensi moja juu yake, mbele, kwa tahadhari: kwamba labda siku ile palitokea kutoelewana kuhusu maboksi. Akaisoma akiwa amesimama, kalamu ya seremala ikiwa sikioni. Akaitoa kalamu. Akapiga mstari juu ya "labda". Akapiga mwingine juu ya "kutoelewana". Kisha akafuta yote, akanirudishia daftari na kalamu.

"Andika hapahapa," akasema. "Kwa Kiswahili, wasome wote. Na usinisifu."

Nikaketi juu ya gogo. Nikaandika, akasimama nyuma yangu akisoma juu ya bega mpaka nilipoweka nukta, nami nainakili hapa kama ilivyo, bila neno la kuongeza:

Mimi Owino, mkuu wa waangukaji, nililipiga teke boksi la Akinyi wa Rusinga kwa sababu nilikuwa sioni. Maboksi yake yalikuwa mazuri.